Tangi 'tupu' la pikipiki ndilo la kuogopwa: Namna salama ya kutoa petroli

PIKIPIKI ndiyo miguu ya wakazi wengi wa wilaya za Mbulu na Hanang, mkoani Manyara. Ndiyo inayoteremsha vitunguu saumu kutoka mashamba ya Mbulu, ndiyo inayomfikisha mkulima wa ngano wa Basotu mjini Katesh, na ndiyo inayomkimbiza mgonjwa usiku katika Hospitali ya Kilutheri ya Haydom pale ambapo gari halipatikani.

Chombo kinachotumika kiasi hicho hakikosi siku ya kulazimika kutolewa mafuta yote tangini. Huenda maji yameingia, huenda mafuta yaliyonunuliwa ni machafu, huenda dizeli imewekwa kwa makosa, au tangi limetoboka kwa kutu na linahitaji kuzibwa.

Kazi yenyewe huonekana ndogo. Kinachohitajika ni spana, kipande cha mpira na dumu, na katika vituo vingi vya bodaboda hufanywa chini ya mti huku wenzake fundi wakipiga soga. Pamoja na udogo wake, hiyo ni miongoni mwa kazi chache za matengenezo ya pikipiki zinazoweza kuteketeza nyumba na waliomo kwa muda wa kufumba na kufumbua.

Sababu ni kwamba watu wengi huiogopa petroli wanayoiona, yaani ile ya majimaji, na kuisahau ile wasiyoiona. Petroli ya majimaji haiungui. Kinachoungua ni mvuke wake. Kwa sababu hiyo, tangi linalodhaniwa kuwa tupu laweza kuwa la hatari kuliko lililojaa.

Kwa nini mafuta yatolewe

Sababu iliyo ya kawaida zaidi katika wilaya hizo mbili ni maji. Mvua za nyanda za juu za Mbulu na za miteremko ya Mlima Hanang huwakuta wenye pikipiki njiani, na mfuniko wa tangi ambao mpira wake umechakaa huruhusu matone kuingia. Baridi ya usiku nayo hugeuza unyevu wa hewa iliyomo tangini kuwa maji, hasa tangi likiachwa na mafuta kidogo.

Yako pia maafa makubwa. Desemba 3, 2023 tope, mawe na magogo yaliporomoka kutoka Mlima Hanang na kuingia katika mji wa Katesh na vijiji vya jirani. Watu zaidi ya 80 walipoteza maisha, nyumba zilibomolewa na mali nyingi zilifukiwa. Chombo chochote kilichozama katika maji au tope la namna hiyo hakifai kuwashwa kabla ya tangi na kabureta kumwagwa na kusafishwa.

Maji ni mazito kuliko petroli na hayachanganyiki nayo. Hutuama chini ya tangi, mahali hasa inapochomekwa koki ya mafuta. Ndani ya tangi, koki nyingi huwa na mirija miwili: mmoja mrefu unaochota mafuta kwa matumizi ya kawaida, na mwingine mfupi unaochota akiba iliyobaki chini. Ndiyo maana pikipiki yenye maji tangini yaweza kwenda vizuri siku nzima, kisha ikazimika ghafla mara dereva anapogeuza koki kwenda akiba, au anapopanda mlima kama ule wa Magara na kufanya mafuta na maji yaelekee nyuma ya tangi iliko koki.

Sababu ya pili ni mafuta yasiyo safi. Katika vijiji vilivyo mbali na vituo, petroli huuzwa kwa chupa zilizokuwa za maji ya kunywa au kwa madumu yaliyowahi kubeba vitu vingine. Uchafu, maji na mabaki ya mafuta mengine huingia kwa njia hiyo hata kama muuzaji hakukusudia ubaya.

Wako pia waliokusudia. Uchakachuaji, yaani kuchanganya petroli au dizeli na mafuta ya taa ili kujiongezea faida, ulienea nchini kiasi cha Mamlaka ya Udhibiti wa Huduma za Nishati na Maji (EWURA) kuanzisha uwekaji wa vinasaba katika mafuta mwaka 2010. Mwaka 2011 Serikali nayo ilipandisha ushuru wa mafuta ya taa ili kuondoa tofauti ya bei iliyokuwa ikiwavutia wachakachuaji.

Kuna njia nyepesi za kupima kabla ya kuamua kumwaga tangi zima. Ili kujua kama kuna maji, mafuta kidogo hutiwa katika chupa safi ya kioo na kuachwa yatulie kwa nusu saa. Maji yakiwapo, mstari huonekana wazi, petroli ikiwa juu na maji chini. Mafuta ya taa au dizeli hayaonekani kwa njia hiyo kwa sababu huchanganyika kabisa na petroli. Kwa hayo, tone moja hudondoshwa juu ya karatasi nyeupe na kuachwa kivulini. Petroli safi hukauka bila kuacha alama ya maana, bali iliyochanganywa huacha doa la mafuta. Kipimo hicho hakilingani na cha maabara, lakini humpa mwenye chombo fununu.

Mvuke usioonekana

Petroli hutoa mvuke unaoweza kushika moto hata katika baridi ya nyuzi 40 chini ya sifuri. Baridi ya Mbulu ya Juni na Julai, ambayo wenyeji huijua kwa mablanketi yao, haipunguzi hatari hiyo kwa kiwango cha kumfanya mtu ajisahau.

Mvuke huo ni mzito kuliko hewa mara tatu hadi nne. Haupandi juu na kutawanyika kama moshi wa kuni. Hushuka, hutambaa sakafuni, hufuata mteremko na kujikusanya katika mashimo, mifereji na pembe za chumba. Ukikutana na moto, hata ukiwa mbali na pikipiki, moto hurudi kwa kufuata njia ile ile hadi kwenye chanzo.

Hapo ndipo penye hatari kubwa kwa kaya za vijijini na hata za mijini. Kwa kuhofia wezi, wengi hulaza pikipiki ndani ya nyumba. Katika nyumba hiyo hiyo kuna mafiga, au jiko la mkaa lililoingizwa ndani kwa sababu ya baridi, au kibatari. Anayefungua mpira wa mafuta sebuleni humwaga chini gesi isiyoonekana, nayo huenda moja kwa moja kwenye jiko lililo chini vilevile.

Ili mvuke wa petroli uungue, lazima uchanganyike na hewa kwa kiasi maalumu, takriban kati ya asilimia 1.4 na 7.6. Ukipungua hapo hauwaki, na ukizidi hapo pia hauwaki kwa kukosa hewa ya kutosha.

Maana yake ni kubwa. Katika tangi lenye mafuta mengi, nafasi iliyobaki juu kwa kawaida huwa na mvuke mzito mno kiasi cha kutoweza kuungua humo ndani, ingawa ule unaotoka mdomoni na kuchanganyika na hewa huwaka. Katika tangi lililomwagwa, hewa huingia na mchanganyiko huweza kufikia kiwango kile kile cha mlipuko. Kwa tangi la lita 12, petroli isiyofika kijiko kimoja cha chai inatosha kulifanya lilipuke. Kiasi hicho hubaki katika kutu na maungio ya tangi hata baada ya kulipindua na kulikung'uta.

Taifa lilipata somo chungu kuhusu mvuke huo Agosti 10, 2019, katika eneo la Msamvu mjini Morogoro. Lori la mafuta lilipinduka, watu wakakimbilia kuchota petroli iliyokuwa ikimwagika, wakiwamo madereva wa bodaboda, kisha moto ukalipuka. Watu zaidi ya 100 walikufa. Hawakuwa wote wamegusa mafuta. Kilichowazunguka ni mvuke uliokwisha kuenea pale waliposimama. Tangi la pikipiki ni dogo mara elfu kadhaa kuliko la lori, lakini kanuni ni ile ile.

Mahali na maandalizi

Sharti la kwanza ni kazi kufanyika nje, mahali pa wazi penye upepo, mchana. Kivuli cha mti kinafaa kuliko jua kali, kwa kuwa joto huongeza mvuke. Banda lililozibwa, korido, duka au chumba havifai hata milango ikiwa wazi.

Pasiwe na moto ndani ya mita 15 au zaidi. Moto si kiberiti na sigara pekee. Jiko la mama lishe, chuma kinachochomelewa, jenereta, mashine ya kusaga na hata pikipiki nyingine inayowashwa jirani vyote huweza kutoa cheche. Katika vilima kama vya Mbulu ni muhimu kutazama mteremko na mwelekeo wa upepo, ili mvuke usiteremkie jikoni kwa jirani aliye bondeni.

Pili, injini iachwe ipoe kabisa. Bomba la moshi la pikipiki iliyotoka kupanda mlima laweza kuwa na joto la kuwasha petroli bila cheche yoyote. Saa moja ya kusubiri ni akiba nzuri. Ufunguo utolewe na waya hasi wa betri ufunguliwe kwanza. Waya huo ndio ulioungwa na fremu, hivyo ukitangulia kuondolewa, spana itakayogusa fremu wakati wa kufungua waya chanya haitatoa cheche.

Tatu ni mavazi. Umeme tuli, ule unaosikika ukilia katika blanketi au sweta la nailoni wakati wa kiangazi, hutoa cheche ndogo inayotosha kuwasha mvuke. Nguo za pamba ndizo zinazofaa. Shuka au blanketi la kujitanda liwekwe kando, kwa sababu ya umeme huo na kwa sababu ncha zake hulowa mafuta bila mtu kutambua. Kabla ya kufungua mfuniko, ni vema kugusa kwanza chuma cha fremu kwa mkono mtupu ili umeme ulio mwilini utoke mbali na mdomo wa tangi.

Nne ni chombo cha kupokelea. Pikipiki nyingi zinazotumika nchini hubeba lita 10 hadi 13, hivyo dumu liwe kubwa kuliko mafuta yaliyomo. Liwe la chuma au la plastiki lililotengenezwa kwa ajili ya mafuta, lenye mfuniko unaobana. Chupa za maji na soda hazikutengenezwa kwa kazi hiyo: ni laini, mifuniko yake huvuja, na mtoto mwenye kiu huweza kudhani ni kinywaji. Dumu lisimame ardhini, si juu ya kiti wala juu ya turubai, ili umeme tuli upotelee ardhini.

Tano, viwepo karibu kizimamoto cha unga au angalau ndoo mbili za mchanga mkavu. Ndoo ya maji iwepo pia, lakini kwa ajili ya kupoza mwili wa mtu aliyeungua, si kwa ajili ya kumwagia petroli inayowaka. Watoto na watazamaji wakae mbali.

Hatua za kufuata

Kwa pikipiki ya kawaida yenye kabureta, uzito wa mafuta yenyewe unatosha kufanya kazi yote. Tangi liko juu na dumu liko chini.

Pikipiki isimamishwe mahali tambarare kwa stendi ya kati kama inayo. Mfuniko wa tangi ufunguliwe taratibu ili shinikizo litoke polepole, kisha uachwe umelegea ili hewa iingie nyuma ya mafuta yanayotoka.

Koki igeuzwe kwenye alama ya OFF. Mpira unaotoka kwenye koki ufunguliwe upande wa kabureta, si upande wa koki, na ncha yake iingizwe ndani ya dumu hadi karibu na kitako. Mafuta yanayoanguka kutoka juu na kurukaruka hutoa mvuke mwingi na kujijaza umeme tuli, bali yanayoingia kutokea chini hutulia. Kama mpira ni mfupi, uunganishwe na mwingine mrefu unaobana sawasawa.

Baada ya hapo koki igeuzwe kwenye ON. Mafuta yakikoma yasidhaniwe kuwa yamekwisha. Koki igeuzwe kwenye RES ili mrija mfupi utoe akiba iliyo chini, ambayo ndiyo yenye maji na uchafu. Anayeishia kwenye ON huondoa mafuta mazuri na kuacha mabaya, kisha hushangaa kuona tatizo limerudi siku ya pili.

Dumu lisijazwe pomoni. Iachwe nafasi ya sehemu moja katika kumi, kwa sababu petroli hutanuka ikipata joto. Mara mafuta yanapokoma, dumu lifungwe na kuondolewa mahali pa kazi kabla ya jambo jingine lolote kufanyika.

Kabureta nayo ina bakuli dogo linalohifadhi mafuta kidogo. Chini yake kuna skrubu ya kumwagia. Hiyo ifunguliwe na chombo kidogo kikingwe, la sivyo maji yaliyomo yatabaki. Ikiwa koki itafunguliwa ili kusafisha chujio lake, hilo lifanyike sasa, tangi likiwa limekwisha mafuta, na mpira wake wa kuzuia kuvuja ukaguliwe kabla ya kurudishwa.

Kila kitu kikisharudishwa na kibanio cha mpira kikiwa mahali pake, mafuta mapya kidogo hutiwa na koki kufunguliwa ili kutazama kama kuna uvujaji. Injini isiwashwe palepale. Mafuta yaliyomwagika yapanguswe, kitambaa kianikwe nje mbali na moto, na upepo uachwe upeperushe mvuke uliobaki kabla ya betri kuunganishwa. Katika kuunganisha, waya hasi huwa wa mwisho.

Skuta ina tabia yake

Wasomaji wa mijini wenye skuta watakuta mambo tofauti kidogo. Katika skuta nyingi tangi huwa chini ya kiti au chini ya mahali pa kuwekea miguu, na koki yake haina mkono wa kugeuza. Hufunguliwa na mvuto wa hewa kutoka kwenye injini, hivyo injini ikiwa imezimwa mafuta hayatiririki hata mpira ukifunguliwa.

Fundi asiyejua hilo hudhani koki imeziba. Hapo ndipo wengine huanza kukata mipira au kuwasha injini huku mpira wa mafuta ukiwa wazi, jambo ambalo ni kujitafutia msiba. Baadhi ya koki za namna hiyo huwa na alama ya PRI, ambayo hupitisha mafuta hata injini ikiwa imezimwa. Zisizo nayo, njia salama ni kutumia pampu ndogo ya mkono kutoa mafuta kupitia mdomo wa tangi.

Skuta pia imefunikwa kwa plastiki kila upande. Mvuke hujificha chini ya vifuniko hivyo kwa muda mrefu kuliko katika pikipiki iliyo wazi. Vifuniko vilivyo karibu na tangi viondolewe na muda wa kupunga hewa uongezwe.

Vyombo vya kisasa visivyo na kabureta huwa na pampu ya umeme ndani ya tangi, na mpira wake hubaki na shinikizo hata baada ya kuzimwa. Hivyo ni bora viachwe kwa fundi mwenye ujuzi navyo.

Kunyonya kwa mdomo

Desturi iliyozoeleka kuliko zote ni kutumbukiza mpira tangini na kunyonya kwa mdomo hadi mafuta yaanze kuja. Wengi wameifanya kwa miaka na kujiona wazoefu.

Madhara makubwa hayako tumboni bali mapafuni. Petroli ni nyepesi mno. Kiasi kidogo kinachopaliwa huenea haraka katika mapafu na kuyaunguza kikemikali, na mtu huweza kupata homa ya mapafu kali saa kadhaa baada ya kikohozi cha kwanza kutulia.

Aliyemeza petroli asilazimishwe kutapika, kwa sababu kutapika huipitisha petroli kooni mara ya pili na kuipa nafasi nyingine ya kuingia mapafuni. Kumpa maziwa kwa imani kwamba yanaua sumu hakumsaidii, na kwaweza kumtapisha. Asukutue mdomo kwa maji, avuliwe nguo zilizolowa, kisha apelekwe hospitali hata kama anajisikia vizuri. Pampu ya mkono au koki ya chombo chenyewe humwondolea mtu hatari hiyo yote.

Tangi linapopelekwa kuchomelewa

Kutoboka kwa tangi ndiko kunakoleta ajali mbaya zaidi, na ndiko kunakodhihirisha maana ya tangi lisilo tupu. Mwenye pikipiki humwaga mafuta, hulikung'uta tangi, hulianika juani kwa saa moja na kulipeleka kwa mchomeleaji. Mchomeleaji hunusa, huona harufu imepungua, na huwasha moto.

Pua si kipimo. Harufu ikiwa ndogo, yawezekana mvuke umeshuka kutoka kiwango kizito kisichowaka na kufikia kiwango hasa cha kulipuka. Zaidi ya hayo, joto la kuchomelea lenyewe huivukiza petroli iliyonasa katika kutu, hata tangi likiwa limeoshwa kwa maji na sabuni.

Kwa hiyo tangi la mafuta halifai kuchomelewa katika karakana ya barabarani. Tundu dogo lizibwe kwa gundi ngumu ya chuma inayostahimili petroli, tena bila kutumia joto. Tundu kubwa au kutu iliyoenea ni ishara kwamba tangi limemaliza muda wake na libadilishwe. Mchomeleaji anayekataa kazi ya namna hiyo hastahili kuitwa mwoga. Anaijua kazi yake.

Petroli iliyotolewa iende wapi

Kazi haiishi dumu linapofungwa. Petroli iliyokuwa na maji peke yake inaweza kuokolewa: iachwe itulie siku nzima katika chombo kilichofungwa, kisha ya juu imiminwe polepole huku ile ya chini yenye maji ikiachwa.

Iliyochanganyika na dizeli, mafuta ya taa au tope isirudishwe tangini. Isimwagwe mferejini, shambani wala katika choo cha shimo, ambamo mvuke hukaa ukimngoja atakayeingia na kibatari au sigara. Wakazi wa Mbulu na Hanang hutegemea chemchemi, visima na maziwa madogo kama Tlawi na Basotu, na petroli iliyonywewa na ardhi hufuata maji yaliko. Mafuta hayo yawekwe katika dumu lililoandikwa wazi, nje ya nyumba ya kulala, hadi yatakapofikishwa kwenye gereji kubwa au kituo cha mafuta kinachokubali mafuta machafu.

Kosa lililo baya kuliko yote ni kuyaongeza katika mafuta ya taa ya kibatari au ya jiko ili yasipotee bure. Kibatari kilichotiwa petroli, hata kidogo, ni bomu lililowekwa juu ya meza ya mtoto anayesoma. Petroli isitumike pia kuwashia mkaa, kuoshea mikono wala kufukuzia siafu ndani ya nyumba.

Moto ukitokea

Ajali ikitokea pamoja na tahadhari zote, jambo la kwanza ni kutolinyanyua dumu linalowaka na kukimbia nalo. Mafuta humwagikia miguu ya anayelibeba na moto husambaa njia nzima. Koki ifungwe kama inafikika bila kuingiza mkono motoni, kisha mchanga au unga wa kizimamoto uelekezwe kwenye shina la moto. Maji yasitumike, kwa kuwa petroli huelea juu yake na kwenda nayo.

Moto ukizidi uwezo, watu waondoke na Jeshi la Zimamoto na Uokoaji lipigiwe simu namba 114. Pikipiki hununuliwa nyingine.

Aliyeshika moto asikimbie. Alale chini na kujiviringisha, au afunikwe kwa blanketi zito la pamba au sufu. Moto ukizimika, sehemu iliyoungua imwagiwe maji safi yanayotiririka kwa dakika 20, na sehemu nyingine za mwili zifunikwe ili baridi isimdhuru. Dawa ya meno, asali, unga na mafuta ya kupikia visipakwe. Kidonda kifunikwe kwa kitambaa safi na mgonjwa afikishwe hospitali.

Katika vijiji vya Mbulu na Hanang hospitali huwa mbali, na chombo cha kumfikishia mgonjwa huko mara nyingi ni pikipiki ile ile iliyokuwa ikitengenezwa. Saa moja ya kuacha injini ipoe, hatua chache za kuisogeza nje ya nyumba na dumu moja lenye mfuniko havimgharimu mwenye chombo kitu cha maana. Na tangi linaloonekana tupu liendelee kushikwa kama lililojaa.